Ndoo ya Kubeba na Ndoo ya Kutua

"Wamebeba ndoo." Mtamkie maneno hayo mawili mtu aliyekulia Tanzania, usimwongezee lolote, kisha umuulize ameona nini. Mmoja ataona basi la wazi limejaa wachezaji, nahodha kasimama mbele, na barabara nzima imegeuka rangi moja. Mwingine ataona wasichana wawili wanarudi alfajiri kutoka bombani, shingo zimenyooka, maji yanawachuruzikia usoni. Wote wawili wamesikia Kiswahili safi, na wote wawili wamesikia sawa.

Nimelifikiria neno hili kwa muda mrefu kuliko pengine kinavyostahili chombo cha plastiki, na kila nikilirudia naona kwamba maana ya ndoo haikai ndani ya ndoo. Inakaa kwenye kitenzi kinachoishika. Kuteka, kutwika, kubeba, kutua, kukinga, kukalia: badilisha kitenzi na ndoo inakuwa kitu kingine. Ukitaka kujua nani ananufaika na nani anaumia katika nchi yetu, usiangalie chombo, sikiliza kitenzi.

Tuanze na chombo chenyewe. Zamani ndoo ilikuwa ya bati, na utambo wake wa chuma ulikuwa unakata viganja vya mtoto. Leo karibu zote ni za plastiki, na utambo umevishwa kipande cha plastiki cha kushikia ambacho huwa cha kwanza kupotea. Sokoni zipo mbili zinazojulikana na wote, ndoo kubwa ya lita 20 na ndoo ndogo ya lita 10. Halafu ipo ile isiyonunuliwa kama ndoo, ndoo ya rangi, ambayo mwenye nyumba akishamaliza kupaka kuta inaanza maisha ya pili. Hiyo ndiyo ngumu kuliko zote. Itasomba mchanga, itabeba zege, itahifadhi unga, itageuzwa juu chini iwe kiti cha muuza mahindi ya kuchoma. Saidia fundi anayepandisha udongo wa kujengea hadi ghorofa ya pili anaitaja ndoo kama wengine wanavyotaja saa za kazi: "Leo nimepandisha ndoo mpaka mabega hayasikii."

Nyumba niliyokulia, maji yalihesabiwa kwa ndoo. Mama aliuliza swali moja tu jioni: "Zimebaki ngapi?" Hakuhitaji kusema ngapi za nini. Ukijibu "mbili," ulijua mwenyewe kwamba kuoga ni kwa kopo, vyombo vitasubiri asubuhi, na kesho utaamshwa mapema. Namba ilikuwa inatosha kupanga siku ya watu wote wa nyumba ile. Hadi leo, nikiona ndoo mbili zilizofunikwa jikoni, nafsi inatulia kwa namna ambayo tangi la lita elfu moja halijawahi kunituliza.

Ndoo imekuwa pia kipimo cha biashara, na hapo imerithi kiti cha mzee wake, debe. Debe la bati lililokuja na mafuta ya taa ndilo lililopima mahindi, mpunga na chokaa kwa vizazi kadhaa. Neno lenyewe lilitoka upande wa Bara Hindi, likaingia Kiswahili likanogewa, likazaa misemo. Debe tupu haliachi kuvuma. Kupiga debe, ambako kulianza na mtu kugonga bati ili watu wageuke, kukawa ni kunadi bidhaa au mgombea. Stendi zetu zikapata wapiga debe. Kenya wamelipeleka mbali zaidi, kwao debe ni sanduku la kura, na mwanasiasa anayetaka kupimana nguvu na mwenzake humwambia wakutane debeni. Siku hizi sokoni viazi na nyanya hutajwa kwa ndoo au kwa sado, kopo dogo la rangi la lita nne, lakini debe limebaki na heshima ya methali. Ndoo haikupewa nafasi kubwa kama hiyo. Methali zetu kongwe zinapenda kibaba, kifuu, chungu na debe. Ndoo ilikuwa na kazi nyingi mno, haikupata nafasi ya kukaa barazani na wazee.

Labda ndiyo maana vijana waliipa cheo ambacho wazee hawakuipa.

Katika mpira wa Tanzania ndoo ni kombe. Si jina la kificho tena. Mtangazaji wa redio analitamka mchana kweupe, gazeti la michezo linaliweka ukurasa wa mbele, na mzee wa miaka sabini anayemfuatilia Simba tangu ikiitwa Sunderland analitumia bila kusita. Kubeba ndoo, kutwaa ndoo, kuitaka ndoo, kuikosa ndoo. Hata Ngao ya Jamii, ambayo umbo lake ni ngao na haiwezi kushika hata kijiko cha maji, shabiki akianza kuhesabu mali za klabu yake anaitia humo humo kwenye ndoo. Na kwenye ubishi wa kijiweni hazisemwi "ndoo tatu" peke yake. Zinasemwa "mandoo," kwa ule wingi wa kutanua kifua ambao sarufi ya darasani haiutambui lakini kila msikilizaji anaupata.

Kwa nini ndoo? Jibu la haraka ni umbo: mdomo mpana na masikio mawili ya kushikia. Ni kweli, lakini halitoshi. Tazama neno linalohesabika kuwa rasmi, kombe. Nalo ni chombo. Kombe ni ndugu mkubwa wa kikombe, na huko pwani kombe linatajwa pia kwenye tiba, maandishi matakatifu yanayoandikwa kwa zafarani, yakaoshwa kwa maji na mgonjwa akayanywa. Kwa hiyo Kiswahili kilikuwa tayari kimeshaamua kwamba ushindi ni chombo. Vijana walichofanya ni kukibadilisha chombo cha wageni na sherehe wakaweka chombo cha uani. Walikichukua kitu ambacho hakuna nyumba isiyo nacho wakakipandisha jukwaani. Naliona hilo kuwa tendo la mapenzi kwa lugha, na nawashangaa wanaoliita uharibifu.

Ipo pia sababu ya ndani zaidi, nayo ni kitenzi. Kombe hutwaliwa, hunyakuliwa, huchukuliwa. Vitenzi hivyo vina haraka, vinamaliza kazi mara moja. Ndoo, hata kama nayo hutwaliwa, zaidi hubebwa. Kubeba kuna uzito na kuna safari, kuna kutoka mahali hadi mahali bila kumwaga. Shabiki anaposema timu yake imebeba ndoo anasema imetembea msimu mzima na kitu kizito hadi nyumbani. Simba walibeba ndoo ya ligi misimu minne mfululizo, kuanzia 2017/18 hadi 2020/21. Yanga wakaipokea wakaibeba minne mingine, kuanzia 2021/22 hadi 2024/25. Hayo ni masafa, na neno limeyabeba vizuri.

Linabeba vizuri vilevile uchungu wa kumwaga ukiwa mlangoni. Mwaka 1993 Simba walifika fainali ya Kombe la CAF, wakatoka sare ugenini na Stella Abidjan, kisha wakafungwa mabao 2-0 Dar es Salaam. Mwaka 2023 Yanga walifungwa 2-1 nyumbani na USM Alger, wakaenda Algiers wakashinda 1-0, na bado Kombe la Shirikisho likabaki kwa wenyeji kwa sababu ya mabao ya ugenini. Mwaka 2025 ikawa zamu ya Simba tena. Walifungwa 2-0 na RS Berkane kule Morocco, wakatoka 1-1 Zanzibar. Ndoo ya Afrika inatakiwa na nchi nzima, pamoja na wale wanaojifanya hawaitaki ikiwa mbebaji ni mtani wao. Aliyewahi kujikwaa hatua tano kabla ya kufika mlangoni, ndoo ikamwagika yote na ikabidi arudi kisimani, anaelewa fainali hizo bila kuchambuliwa.

Nipite kidogo pwani ya kaskazini, maana huko neno hili lina kaka yake wa kufanana sura. Mswahili wa Mombasa au Lamu anaposema "ndoo hapa" hakuombi chombo. Anakwambia njoo. Penye "nj" ya Unguja, Kimvita na Kiamu, lahaja za Mombasa na Lamu, mara nyingi huweka "nd": njia ni ndia, njaa ni ndaa, njoo ni ndoo. Utendi wa Mwana Kupona, uliotungwa mwaka 1858, una neno hilo kwenye beti zake za mwanzo, pale mama anapomwita binti yake asogee mbele aketi, na wino na karatasi. Msomaji wa bara akikutana nalo mara ya kwanza anaweza kudhani mama anaagiza maji. Ni maneno mawili tofauti yaliyokutana kwenye tahajia moja, wala sitaki kuyaundia ukoo. Lakini napenda kwamba kwenye lugha yetu sauti ileile inayotaja mzigo wa binti huku, kule inamwita akae aandike.

Na juu angani ipo nyingine. Wafuatiliaji wa nyota za magazetini wanaijua: aliyezaliwa kati ya Januari 20 na Februari 18 ni mtu wa Ndoo. Buruji hiyo kwa Kiarabu ni Dalu, ndoo ya kutekea kisimani, na tafsiri ikabaki hivyo hivyo. Nayo inatosha.

Sasa nifike pale ambapo neno hili linanigusa zaidi, yaani kwenye siasa za maji.

"Kumtua mama ndoo kichwani." Sijui kaulimbiu nyingine ya serikali ya miaka ya karibuni iliyoundwa kwa Kiswahili kizuri namna hii. Imo kwenye hotuba za Wizara ya Maji, imo kwenye mabango ya uzinduzi wa miradi, na Rais Samia Suluhu Hassan ameirudia mara nyingi. Uzuri wake ni kwamba haitaji miundombinu wala mita za ujazo. Inataja kichwa. Mtu yeyote aliyewahi kutwishwa anaihisi shingoni kabla hajaielewa kichwani.

Lakini kitenzi cha kutua kina tabia yake, na anayekijua hawezi kukiacha kipite bila kukikagua. Kisimani kuna maneno mawili yanayokwenda pamoja. La kwanza ni "nitwike." Mtoto wa miaka kumi hawezi kuinua lita 20 peke yake hadi utosini, lazima apate mwenzake wa kushika upande wa pili, wakahesabu, wakainua pamoja. Nilikokulia ilikuwa aibu kubwa kumnyima mtu aliyekuomba umtwike, hata kama mlikuwa mmegombana kwenye foleni. La pili ni "nitue," na hilo husemwa nyumbani, mlangoni, kwa sauti ya mtu ambaye shingo imeshachoka. Anayekuja kukutua amekusaidia kweli. Ila kesho asubuhi utatwikwa tena. Kutua ni mwisho wa safari moja. Hakujawahi kumaanisha mwisho wa safari zote.

Basi tukipime kipimo chenyewe. Sera ya Maji ya mwaka 2002 iliweka lengo kwa vijijini: mtu mmoja apate lita 25 kwa siku, kituo cha maji kihudumie watu 250, na kisiwe mbali zaidi ya mita 400 kutoka kwenye makazi. Ni lengo la maana, na wapo wengi ambao likiwafikia maisha yao yatabadilika. Mwaka 2019 ukaundwa Wakala wa Maji na Usafi wa Mazingira Vijijini, RUWASA, ili kazi hiyo ipate mwenyewe. Sasa chukua familia ya watu sita iliyo ukingoni mwa huo umbali. Lita 25 mara sita ni lita 150. Hizo ni ndoo kubwa saba na nusu, na kwa kuwa hakuna anayekwenda nusu safari, ni safari nane. Kila safari ni mita 400 kwenda na 400 kurudi. Jumla ni kilomita 6.4 kwa siku, na nusu yake, kilomita 3.2, zinatembewa na kilo 20 za maji kichwani bila kuhesabu uzito wa ndoo.

Familia hiyo, kwenye kitabu, imeshahudumiwa. Mama yule ameshatuliwa. Muulize shingo yake.

Sisemi hivi kudharau bomba lililo mita 400. Mama aliyekuwa akitembea kilomita tatu kufuata dimbwi analochangia na ng'ombe hawezi kulidharau, na mimi sina haki ya kulidharau kwa niaba yake. Ninachosema ni kwamba lugha imetoa ahadi kubwa kuliko bomba. Neno "kumtua" likitamkwa jukwaani linasikika kama mwisho, wakati kazi iliyofanyika ni kufupisha njia. Ndoo itakuwa imetuliwa kwa maana ambayo msemaji anataka tuisikie siku bomba litakapokuwa uani kwa mtu na maji yanatoka, si lipo tu. Mpaka hapo tuseme tumeipunguzia ndoo safari. Haina mvuto wa kupigiwa makofi, lakini ni kweli, na mtu anayebeba anastahili kuambiwa kweli.

Kuna jambo la pili ndani ya kaulimbiu hiyo, na hili wengi tunalipita. Kwa nini ni mama? Kwa sababu ndiye anayebeba, utajibiwa, na ni jibu sahihi. Mama na binti. Lakini kaulimbiu inayotaka kumtua mama imeshakubali, kabla haijaanza, kwamba ndoo mahali pake ni kichwani kwa mama, na kilichobaki ni serikali tu kuja kumtua. Baba hayumo kwenye sentensi. Kaka hayumo. Wahenga walisema mzigo wa mwenzio ni kanda la usufi, na hakuna mzigo ambao umeonekana mwepesi kwa wasioubeba kama huu. Mwanamume akibeba maji kijijini mara nyingi huwa ni biashara, madumu sita juu ya baiskeli au toroli, na kila dumu lina bei. Mwanamke akibeba, haiitwi kazi, inaitwa kwenda kisimani. Chombo ni kilekile na maji ni yaleyale. Kitenzi ndicho kilichobadilika, na pamoja nacho malipo.

Hapo ndipo matumizi mawili ya neno hili yanaponikosesha usingizi. "Kubeba ndoo" ya uwanjani ina picha, ina zawadi ya fedha, ina mapokezi uwanja wa ndege. "Kubeba ndoo" ya kisimani haina hata hesabu. Watoto wa mtaa mmoja wanakua wakisikia sentensi moja. Kwa kaka ni ndoto, kwa dada ni zamu. Siamini kwamba vijana walioanzisha msemo huo walikuwa na dhihaka yoyote. Nadhani walichagua kitu kizito walichokiona kila siku nyumbani. Lakini wakikichagua, waliutaja pia uzito ambao mama zao walikuwa wanaubeba bila kutajwa. Lugha ya mitaani imempa heshima mbebaji wa ndoo kabla ya takwimu za taifa, hata kama haikukusudia.

Ndiyo sababu sikubaliani na wahariri wanaofuta "ndoo" kila wanapoiona kwenye habari ya michezo na kuandika "kikombe" au "taji" juu yake. Wanadhani wanalinda usanifu. Taji nalo liliwahi kuwa kofia ya mfalme kabla halijawa ubingwa, na hakuna aliyelalamika. Hoja yao yenye nguvu ni moja, kwamba msomaji asiye wa Tanzania anaweza kupotea, na kwenye habari inayokwenda nje ya mipaka nakubali uangalifu unahitajika. Kwa wasomaji wa hapa, hapana. Ningependa BAKITA, Baraza la Kiswahili la Taifa, na watunga kamusi wa TATAKI, taasisi ya Kiswahili ya Chuo Kikuu cha Dar es Salaam, waweke maana ya pili chini ya kidahizo hiki, wazi kabisa, na mfano wa sentensi. Si kwa sababu neno linahitaji ruhusa yao. Ni kwa sababu mtoto anayefungua kamusi anastahili kukuta neno analolisikia nyumbani likiwa na maisha yake yote, siyo chombo chenye utambo tu.

Maana ya kisiasa nayo iwekwe. Na ya saidia fundi. Hata ile ya mwaka 2020, wakati wa korona, ndoo yenye koki ikiwa imewekwa kwenye kigoda nje ya kila duka na kila msikiti na kila kanisa, sabuni imefungwa kwa kamba pembeni, tukanawa mikono kabla ya kuingia. Kwa miezi ile ndoo ilikuwa bawabu. Wengi wameshaisahau, nyingine zimerudishwa uani zikiwa na tundu la koki lililozibwa kwa gundi.

Nimebakiwa na picha moja. Oktoba 2021, kule Nelson Mandela Bay, Afrika Kusini, Twiga Stars, timu yetu ya taifa ya wanawake, walicheza fainali ya COSAFA, mashindano ya nchi za kusini mwa Afrika, dhidi ya Malawi. Walikuwa timu mwalikwa. Wakashinda 1-0. Jioni ile kwenye kijiwe cha mtaani kwetu, mzee mmoja muuza kahawa alitangazia waliokuwa wanafika wamechelewa: "Dada zetu wamebeba ndoo." Hakuna aliyemuuliza ndoo ya nini. Binti aliyekuwa anapita na ndoo yake ya lita 20 kichwani alisimama kusikiliza, mkono mmoja juu kwenye ukingo, akauliza, "Ngapi kwa ngapi?" Akajibiwa. Akacheka, akaendelea na njia, na maji hayakumwagika.